Fundo la Mgongoni

Aprili 7, Jeppestown, Johannesburg

Nimefika jana, na leo nimeshaanza kununa. Chumba walichonipa kiko juu ya gereji ya kunyoosha bodi za magari. Tangu alfajiri ni nyundo tu, ko ko ko, hadi meno yananiuma. Timu yenyewe inaitwa Reef Hammers, yaani nyundo vilevile. Labda mwenye timu aliona ananitania. Sikucheka.

Acha nijiandikie ukweli, maana wa kumwambia hapa sina. Mimi ni Moffat Mutwiri, mchezaji wa hoki ya barafu. Ndiyo, Mmeru wa Nkubu, na barafu. Watu wakisikia hucheka kwanza, kisha huuliza kama ni kweli. Nilijifunzia kwenye kiwanja kidogo cha barafu ndani ya hoteli moja Nairobi, nikatoka hapo nikacheza Dubai, Uturuki, Bulgaria, Serbia, Uturuki tena, Kazakhstan. Msimu mmoja hapa, nusu msimu pale, begi halijawahi kukauka. Mfungaji sijawahi kuwa. Kazi yangu ni moja: mtu akimuumiza mfungaji wetu, mimi natupa glavu chini, namwita, tunapigana ngumi mpaka marefa watutenganishe, tunakwenda kukaa kizimbani dakika tano, na mchezo unaendelea. Ni sehemu ya mchezo. Anayeona ni ushenzi abaki nyumbani atazame tenisi.

Nina miaka thelathini na sita. Ngumi ya kulia haijikunji vizuri tangu Serbia. Hakuna timu nyingine iliyopokea simu zangu. Hii isiponipa mkataba wa pili, kibali cha kukaa kinakwisha, kazi inakwisha, na kazi nyingine siijui.

Aprili 9

Kocha Wessels amenisalimia huku akitazama magoti yangu. Mtu anayenunua ng'ombe mnadani hutazama hivyo hivyo. Ligi ina sheria yake: siku ya mechi timu haiwezi kuvalisha wageni zaidi ya wawili. Mmoja ni kipa wetu, Mlatvia mpole asiyeongea. Wa pili ni mimi. Hakuna wa tatu. Nimelala vizuri.

Aprili 14

Umeme umekatika mtaa mzima. Barafu imegeuka supu. Tumerudishwa nyumbani.

Aprili 20

Kuna wa tatu.

Anaitwa Hénock. Mkongomani wa Lubumbashi, kijana wa miaka ishirini na minne, mlinzi kwenye ghorofa moja pale Joubert Park. Mama yake alimleta hapa akiwa bado shule ya msingi, akajifunzia kuteleza kwenye barafu ya maduka makubwa wanakopeleka watoto Jumamosi. Johannesburg ameishi miaka mingi kuliko aliyoishi kwao. Anaongea Kizulu na madereva wa teksi kama aliyezaliwa Soweto. Lakini karatasi zake ni za mkimbizi, kwa hiyo kwa ligi naye ni mgeni, sawa na mimi niliyeshuka juzi.

Anateleza vizuri mno. Nimeshaandika, nisirudie tena.

Mazoezi yalipoisha akanijia, mkono wa kushoto ameshika kiwiko cha kulia, kwa adabu. "Yaya Moffat, nimefurahi kukuona. Nimeangalia video zako zote. Ile ya Serbia, vraiment!"

Kwetu yaya ni msichana wa kulea watoto. Kwao eti ni kaka mkubwa. Nikamwambia aniite Moffat.

"Sawa, yaya," akasema.

Aprili 23

Kocha amemkalisha Hénock kando yangu, kwenye kona ya chumba cha kuvalia, mahali panaponuka soksi za watu waliokwisha kustaafu. Ametuambia kwa kuwa nafasi ni moja, asiyecheza atamfunga anayecheza kamba ya jezi.

Hii kamba nitaieleza, maana hata Kathambi binamu yangu alidhani ni urembo. Jezi ya mpiganaji ina kamba ndani, mgongoni. Inafungwa kwenye mkanda wa suruali. Isipofungwa, adui anakushika jezi kwa nyuma, anaivuta juu ya kichwa, mikono inanaswa humo humo, macho hayaoni, na hapo umekwisha. Atakupiga apendavyo. Uturuki niliona mtu ametoka bila meno ya mbele. Na ukishavaa makinga ya mabega na viwiko, mwenyewe huifikii. Lazima mwenzako akufunge. Akimaliza anakupiga kofi moja begani. Kofi hilo ndilo neno. Ukilisikia huulizi wala hugusi, unatoka.

Hénock leo amenifunga kama anayembeba mtoto kwa kanga.

"Vuta!"

"Sitaki kukuumiza, yaya."

"Vuta mpaka mtu agune! Asipoguna hujafunga kitu. Kisha fundo, na fundo juu ya fundo. Kwani hii ni tai ya harusi?"

Akavuta. Nikaguna. Akanipiga bega. Angalau anafundishika.

Mei 3

Pretoria. Mpiganaji wao anaitwa Kobus, ana shingo pana kuliko kichwa. Kipindi cha pili alimbana mfungaji wetu ukutani. Nikatupa glavu. "Unataka?" nikamuuliza, maana ndiyo adabu, humvamii mtu asiyekubali. Akatupa zake. Tulipigana mpaka sote tukachoka, watu wakisimama juu ya viti. Jezi aliivuta mara tatu, haikutoka. Tulipotoka kizimbani akanigonga mguu kwa gongo lake la kuchezea, taratibu, maana yake umenipa kazi. Kobus simchukii. Kobus anajua anachofanya.

Mei 4

Mkono umevimba. Sufuria nimeishika kwa kushoto.

Mei 18

Supu tena. Umeme.

Mei 25

Jumapili kwa Kathambi, Braamfontein. Ana kazi benki, ana zulia, ana friji inayotoa barafu yenyewe. Nikamwambia friji yake ina barafu ya kuaminika kuliko ya timu yangu. Hakucheka.

"Moffat, mwanamume mzima, nywele zinaanza mvi, unalipwa kupigwa."

"Nalipwa kupiga."

"Hebu nionyeshe huo mkono." Nikauficha chini ya meza. Akasema, "Mama yako ananipigia simu kila wiki. Anauliza unafanya kazi gani hasa. Nimechoka kumdanganya."

"Mwambie niko kwenye mambo ya barafu."

"Atadhani unauza samaki."

Nikaondoka bila kumaliza chapati. Watu wa ofisini wanadhani kila mtu ana ofisi ya kurudi.

Juni 2

Baridi ya kukata masikio. Nyasi zote nyeupe kwa sakitu. Hénock anakuja mazoezini akitoka kwenye lindo lake, macho mekundu, na chai ya tangawizi kwenye chupa. Ananimiminia mimi kwanza. Leo nimemwambia sitaki. Akaiacha kando ya viatu vyangu, ikapoa hapo hapo. Wema wa huyu mtu unaniudhi kuliko matusi.

Juni 14

Nimepigwa. Tena na nani? Si Kobus, na kijana wa Cape Town ambaye ndevu bado zinamtafuta. Nilimwona anakuja, akili ikaona, mkono ukachelewa. Niliangukia magoti yangu. Uwanja ukasema "eish" kwa sauti moja, kama kanisani.

Hénock akanifungua kamba polepole. Afadhali angecheka.

Juni 16

Kocha ameniita ofisini kwake. Hakunikaribisha kiti.

"Yule kijana anateleza kukushinda. Anafunga mabao. Kitu kimoja tu hajui, ni kupigana. Nataka umfundishe."

"Nimfundishe kazi yangu?"

"Wewe ndiye unayeijua."

Hivi ndivyo walivyo. Mtu anakupa jembe, anakuonyesha mahali, anakuambia chimba, na urefu wa shimo ni urefu wako.

Nikasema sawa.

Juni 24

Tumeanza. Namfundisha kushika jezi ya adui begani, kuweka kidevu chini, kupiga kwa ufupi. Anapiga vizuri, kisha anasema pole. Kila ngumi, pole. Nikamwambia akisema pole mara nyingine nitamng'oa jino. Akasema, "Pole, yaya." Kipa akacheka mpaka akaegemea lango. Mimi pia nilitaka kucheka, nikajizuia.

Julai 5

Supu. Umeme.

Julai 12

Amecheza yeye. Nimemfunga mimi, nimevuta akaguna, fundo juu ya fundo, kofi. Nikaenda kukaa jukwaani na jaketi, kama baba wa mtu. Akafunga mabao mawili. Katikati ya mchezo kundi la Wakongomani waliotoka Joubert Park na Yeoville wakaanza kuimba jina lake, na mama mmoja mnene mwenye kilemba alicheza mpaka walinzi wakamwomba akae. Ni mama yake, Mama Jocelyne. Anasuka nywele kando ya barabara pale Joubert Park. Watu wa mji huu wana nyimbo za kutosha kumwimbia kila mtu isipokuwa mimi.

Julai 19

Nimecheza mimi. Hakuna aliyepigana. Hakuna aliyeimba.

Agosti 2

Kocha ametangaza. Tarehe kumi na sita tunacheza na Pretoria tena. Hénock ndiye atakayevaa. Akimmudu Kobus, nafasi ni yake hadi fainali, na mkataba wa mwaka ujao ni wake. Asipoweza, ni wangu.

Alilisema mbele ya watu wote, kwa sauti ya kutangaza chakula cha mchana. Hénock akanitazama, akainamisha kichwa, aibu imemjaa. Nilimchukia kwa ile aibu. Mtu akikunyang'anya, basi na afurahi.

Agosti 9

Upepo. Vumbi la njano la vifusi vya migodi limeingia hadi kwenye unga. Usingizi sina.

Agosti 16

Nitaandika yote mara moja tu.

Hénock alitapika kabla ya kuvaa. Akarudi, akanawa, akakaa kwenye kona yetu. Upepo ulikuwa unavuta mabati juu ya paa. "Yaya, akinishika nifanye nini?"

"Ingia karibu. Weka kichwa kifuani kwake."

"Na akinivuta?"

"Hakuvuti. Una kamba."

Akageuka akanipa mgongo. Alikuwa amenyolewa upya, shingo safi, bila shaka ni mikono ya mama yake. Nikashika kamba. Nikaipitisha kwenye mkanda wa suruali. Ncha zote mbili nilikuwa nazo mkononi. Kocha alikuwa anapiga kelele mlangoni tutoke. Nikawaza mkataba. Nikawaza kuteremka kwenye gari pale Nkubu na begi la viatu vya barafu, watu wakisimama nje ya maduka, umerudi na nini, Mutwiri? Nikaziacha zile ncha zining'inie ndani ya jezi. Sikuvuta. Sikufunga.

Nikampiga bega.

Alisimama kidogo, kama mtu aliyesahau kitu. Kisha akatoka.

Nilitaka aaibike. Naandika na Mungu ananiona, nilitaka avuliwe jezi watu wacheke, awe mchekeshaji wa Jumamosi moja, basi. Ni kipindi cha kwanza tu Kobus alimwita. Hénock akatupa glavu. Ngumi yake ya kwanza ilikuwa nzuri, fupi, kama nilivyomfundisha. Kobus akapeleka mkono mgongoni, akavuta. Jezi ikaja yote. Nikaona mgongo wa Hénock uchi, makinga ya mabega, na mikono miwili inahangaika ndani ya kitambaa. Kobus alikuwa ameshaanza kupiga, na mtu aliyeanza hasimami mara moja. Marefa walikuwa upande wa pili. Watu walicheka, kama nilivyotaka, kisha wakaacha.

Walipomtoa, timu zote mbili ziligonga magongo kwenye barafu. Ndiyo heshima yetu kwa aliyeumia. Kobus naye aligonga, uso mweupe. Mimi nilikuwa jukwaani bila gongo. Nikagonga kiti kwa kiganja.

Kwenye chumba cha kuvalia kocha akasema, "Kamba imekatika?" Kipa akaiokota jezi, akaigeuza, akaiona kamba nzima. Akanitazama. Kisha akaikunja, akaiweka benchini.

"Kijana hakufungwa vizuri," kocha akasema, akaenda kushughulika na mengine. Kwake lilikuwa limekwisha.

Agosti 18

Mfupa wa chini ya jicho la kushoto umevunjika. Jicho lenyewe madaktari hawajui. Nilikwenda hospitali kwa sababu kutokwenda kungeonekana. Uso wake wote umefungwa bandeji, nusu ya mdomo ndiyo iko nje.

"Yaya, umekuja."

"Nimekuja."

Nikangoja aulize. Nilikuwa na majibu matatu tayari. Hakuuliza. Alisema chai ya hospitali ni maji ya kuoshea vyombo. Nikakaa hapo mpaka muuguzi akanifukuza, na nilimshukuru kwa kunifukuza.

Agosti 24

Mama Jocelyne amepanda ngazi za gereji, anahema, na bakuli mbili kwenye kitambaa. Sombe ya majani ya muhogo na bukari, ule ugali wao.

"Hénock ananiambia weye njo ulimufundisha kila kitu. Hana baba, unajua. Mungu akubariki, papa."

"Mama, chukua tu, mimi nimekula."

"Hujakula. Ona mashavu." Akaweka mezani, akanishika kichwa kwa mikono yote miwili, akaomba kwa Kiswahili na kwa Kifaransa, nyundo zikigonga chini yetu. Alipomtaja Hénock akanibana zaidi. Nikasema amina.

Alipoondoka nikala yote. Nikafuta hata bakuli kwa kidole. Hayo nayo niyaandike.

Agosti 30

Nacheza mimi. Kipa ananifunga. Anavuta mpaka nione nyota, na kofi lake ni la mtu anayeua nzi.

Septemba 7

Kwa Kathambi. Nilitaka kumwambia. Nikaanza, "Kuna kijana kwenye timu," akasema, "Yule aliyepigwa? Niliona video. Aliyemfanyia vile ni mnyama." Alimaanisha Kobus. Nikasema ndiyo, mnyama. Tukazungumza habari za bei ya tikiti za kwenda nyumbani Desemba.

Septemba 11

Jicho la kushoto halitarudi. Linaona mwanga na giza, zaidi ya hapo hapana. Kampuni yake ya ulinzi imemwambia mlinzi wa jicho moja hawamhitaji. Hoki, hata kuuliza hakuna haja. Ameyasema hayo yote kwa ujumbe wa sauti kwenye simu, kisha akamalizia, "Nitakuja fainali, yaya. Nitakaa na nyinyi."

Nimeusikiliza mara nyingi nikitafuta mahali anaponitukana. Hakuna.

Septemba 20

Fainali. Pretoria.

Nilipoingia chumba cha kuvalia alikuwa ameshakaa kwenye kona yetu, amevaa suti ya kanisani, jicho limefunikwa kitambaa cheupe. Wachezaji wakampigia makofi. Nikaanza kuvaa. Ilipofika kamba nikamwita kipa.

"Hapana," Hénock akasema. "Asiyecheza anafunga anayecheza. Ni kazi yangu. Geuka, yaya."

"Kipa amezoea."

"Geuka."

Watu wote wanatazama. Nikageuka.

Nikasikia mikono yake mgongoni. Akavuta, nikaguna. Lakini kuvuta si kufunga, fundo halisikiki kwa nyuma ya makinga. Mikono ikakaa hapo muda mrefu. Kocha akapiga kelele mlangoni tutoke, kama siku ile. Kisha kofi begani, laini.

Nilitaka kupeleka mkono nyuma. Haufiki, na hata ungefika, kugusa baada ya kofi ni kumwambia mwenzako mbele ya watu wote kwamba humwamini, na atauliza kwa nini. Nikatoka. Vipindi viwili nilicheza kama mtu aliyebeba mayai. Nikawa nasema moyoni, ameiacha. Amekuja na suti yake ili aone. Ningekuwa yeye ningeiacha. Nilimlaani, nikalaani suti yake na chai yake na mama yake na sombe yake.

Kipindi cha tatu, mabao mawili kwa mawili, Kobus akamlaza mfungaji wetu chini. Benchi zima likageuka kunitazama. Hiyo ndiyo kazi. Kobus akanijia. "Unataka?"

Niliwahi kusema ndiyo kwa swali hilo katika nchi sita, na sijawahi kuogopa. Leo niliogopa. Juu jukwaani niliona kile kitambaa cheupe, kimetulia.

Nikatupa glavu.

Kobus hakujisumbua hata kunipiga kwanza. Alikwenda moja kwa moja mgongoni, maana mara ya mwisho ilimfaa. Akavuta kwa nguvu zake zote. Jezi haikusogea. Akavuta tena, mwili wake wote ameuelekeza nyuma akitegemea itakuja, na ilipokataa kuja akapepesuka. Nikampiga kwa ule mkono mbovu. Akaanguka. Uwanja ukalipuka, na mara ya kwanza katika mji huu wakaimba jina langu, vibaya, lakini lilikuwa langu. Tukashinda kwa bao moja.

Kocha akaja kizimbani. "Mwaka ujao ni wako, Moffat." Akanipa mkono. Hakutazama magoti.

Chumba cha kuvalia nilishindwa kuvua jezi. Vidole vimevimba, kamba haifunguki. Kipa akaja, akajaribu, akaacha, akaleta mkasi. Fundo juu ya fundo juu ya fundo, na juu yake amezungusha utepe wa kukazia gongo, kitu ambacho mimi sikumfundisha. Kipa akakinyanyua kile kidonge cha mafundo, akasema, "Nani amekufunga hivi?" Sikuwahi kusikia sauti yake ndefu hivyo.

Hénock alikuwa ameshaondoka kuwahi teksi.

Sasa nimekaa hapa juu ya gereji na ushindi wangu, na naandika nilivyo: nilimchukia leo kuliko siku yoyote. Laiti angeiacha wazi. Ningepigwa, ningepoteza jicho, tungekuwa sawa sawa, na ningelala.

Septemba 21

Sikulala.

Septemba 23

Radi ya kwanza ya msimu imelia mchana, mvua haikuja. Nimekwenda Joubert Park. Mama Jocelyne yuko mahali pake kando ya barabara, karibu na robot, yaani taa za barabarani, anamsuka mteja, mwavuli juu. Hénock amekaa kwenye kreti anampasulia nywele za bandia, mafungu mafungu. Ndiyo kazi yake sasa. Alinyanyuka akataka kunipa kreti. Nikakataa.

Nilikuwa nimejipanga kuanzia mbali. Nikashindwa. "Hénock, siku ile sikukufunga fundo."

"Najua."

"Nani kakwambia? Kipa?"

"Hakuna. Nilijua pale pale, ndani ya chumba." Alizikung'uta nywele mapajani mwake. "Weye uliniambia vuta mpaka mtu agune. Miye sikuguna."

Magari yalisimama kwenye robot, yakaondoka. Nikahisi hasira inapanda, ile ile ya msimu mzima, na hapakuwa na mtu wa kumpa.

"Sasa ulitoka kufanya nini? Si ungeuliza? Si ungemwita kipa? Ulijua, ukaenda kwa Kobus hivyo hivyo? Wewe ni mjinga?"

Akanigeuzia lile jicho moja. Halikuwa na hasira. Lilishangaa tu, kana kwamba mimi ndiye niliyefika juzi kwenye mchezo huu na sijui kitu.

"Yaya," akasema, "si ulinipiga ku bega?"

Mama Jocelyne, vidole vimejaa nywele za mteja, akaniuliza kama nimeshakula.